Nabwana, Godzilla na diski iliyojaa

Wasomaji wangu, leo misimbo na hifadhidata vipumzike kidogo. Nataka tuzungumze juu ya Isaac Nabwana, yule Mganda wa Wakaliga anayetengeneza filamu za mapigano zenye helikopta, mabomu na damu nyingi kwa pesa ambayo hapa Nairobi huenda isilipe hata kodi ya chumba kwa mwezi. Na nitamweka karibu na Mjapani mmoja aliyefariki mwaka 1970, Eiji Tsuburaya, aliyelitembeza dubwana Godzilla katikati ya Tokyo. Najua kuna watakaosema nalinganisha tembo na sisimizi. Nisomeni kwanza, halafu mnirukie kwenye maoni.

Nianze na huyo Mjapani, maana bila yeye hesabu yangu haitaeleweka.

Tsuburaya alizaliwa mwaka 1901 huko Sukagawa, mkoa wa Fukushima. Alichotaka ni kurusha ndege. Aliingia chuo cha urubani akiwa kijana mdogo kabisa, mwalimu akafa katika ajali, chuo kikafungwa, na urubani ukaishia hapo. Akawa anabuni vitu vya kuchezea watoto. Mwaka 1919 akaingia kwenye sinema kwa mlango wa nyuma, kusaidia watu wa kamera. Kisha 1933 akaiona King Kong. Alipata nakala ya ile filamu akaipitia fremu moja baada ya nyingine ili aone lile sokwe linatembezwaje. Sisi tunaoandika programu tunaijua kazi hiyo: unachukua kitu cha mwenzako kinachofanya kazi, unakifungua, unakaa nacho usiku kucha mpaka ujue kila skrubu iko wapi. Shika hilo neno "nakala", nitalirudia.

Wakati wa vita alitengeneza filamu za serikali, ikiwemo ile ya 1942 ya shambulio la Pearl Harbor, kwa meli ndogo ndogo kwenye bwawa. Kazi hiyo ilimponza. Japani iliposhindwa na Wamarekani wakaitawala, aliondolewa studioni kwa sababu ya hizo filamu. Alirudi baadaye, na tarehe 3 Novemba 1954 Godzilla likaingia kumbini: mwongozaji Ishiro Honda, viinimacho vyote Tsuburaya.

Sasa utamu wenyewe. King Kong lilikuwa mwanasesere aliyesogezwa kidogo, akapigwa picha, akasogezwa tena, picha 24 kwa kila sekunde moja. Tsuburaya alitamani njia hiyo hiyo, ila muda haukuwepo na pesa haikuwepo. Basi akamvalisha mtu. Vazi la kwanza lilikuwa na uzito wa kilo 100 hivi, gumu kama tairi la lori, na yule aliyelivaa, Haruo Nakajima, alishindwa kutembea nalo. Hawakulitupa! Walilikata vipande viwili wakalitumia kwa picha zinazoonyesha sehemu tu ya mwili. Huyo si mtu aliyekuwa na kila kitu, wasomaji. Huyo ni mtu aliyekuwa na tarehe ya kukabidhi kazi.

Nyumba za Tokyo zilijengwa kwa kipimo cha 1 kwa 25. Hapo ndipo fizikia inapoingia. Jiwe likianguka kutoka ghorofa ya mita 25 huchukua sekunde 2.26 kufika chini. Kutoka kwa kijumba cha mita 1 huchukua sekunde 0.45. Kimo kimepungua mara 25 lakini muda umepungua mara 5 tu, yaani kipeuo cha pili cha 25. Kwa hiyo ukirekodi kijumba kikibomoka kwa mwendo wa kawaida, jicho la mtazamaji linakataa, linaona kibiriti kinaanguka. Ukiendesha kamera mara 5 zaidi, picha 120 kwa sekunde, kisha ukaonyesha kwa 24, uzito unarudi. Kikosi cha Tsuburaya kiliishi kwa kanuni hiyo, kamera zikikimbia ili dubwana liende polepole. (Mwalimu wangu wa fizikia angalitufundisha kipeuo cha pili kwa njia hii, darasa zima lingalipata A.)

Haya, sasa panda basi la usiku pale River Road, vuka Busia, asubuhi uko Kampala. Wakaliga ni mtaa ambao mtu wa Kawangware hatashangaa akifika: mabati, mitaro, kuku, watoto wengi. Hapo Nabwana alifyatua matofali na kwa pesa hiyo akajiwekea msingi. Mwaka 2005 alianzisha Ramon Film Productions, jina alilolitoa kwa bibi zake wawili, Rachael na Monica. Kompyuta alijiundia kwa vipuri vilivyokwisha tumika, na Adobe Premiere na After Effects alijifundisha mwenyewe. Mkewe Harriet yuko naye katika kazi tangu zamani, na ukiuliza mimi, bila yeye hakuna kampuni.

Jambo linalonipendeza kuliko yote ni hili: utotoni Nabwana hakuwa akienda kwenye vibanda vya video. Kaka zake ndio walioenda, wakirudi wanamsimulia: huyu akampiga yule, gari likaruka, nyumba ikalipuka. Alijifunza sinema kwa masikio. Ukiitazama Who Killed Captain Alex? ya mwaka 2010 ukijua hilo, unaielewa upya. Ile si filamu ya mtu anayeiga alichokiona. Inafanana na hadithi ya mtoto aliyetoka kibandani akihema, kila tukio limeongezwa chumvi.

Viinimacho vyake vinafanywaje? Bunduki ni za chuma chakavu, mkono wa Dauda Bisaso, fundi ambaye hapa kwetu angekuwa kwenye mabanda ya jua kali ya Ngong Road akichomea mageti. Huyo huyo ndiye wa ile helikopta ya vyuma, ya ukubwa wa kweli, ambayo hairuki popote lakini waigizaji wanaingia ndani. Damu mwanzoni ilikuwa ya ng'ombe. Mwigizaji mmoja alipougua wakaiacha, wakahamia rangi ya chakula, ikitiwa ndani ya kondomu na kufungwa chini ya shati ili ipasuke risasi "inapopiga". Helikopta inayoruka juu ya Kampala na ghorofa zinazolipuka, hizo ni za ndani ya kompyuta. Kitambaa cha kijani kinatundikwa ukutani, mwigizaji anasimama mbele, halafu programu inaambiwa: kila nukta ya kijani iwe wazi, nyuma yake weka jiji.

Kuhusu moto wa mdomo wa bunduki, hapa nataka tuheshimiane. Mwanga wa risasi hukaa fremu moja au mbili. Video zetu ni fremu 25 kwa sekunde, kwa hiyo unazungumzia sehemu ya 25 ya sekunde. Jicho halina muda wa kukagua kama ule moto umechorwa vizuri, linasajili tu kwamba kulikuwa na moto. Mtu mwenye kompyuta dhaifu anayejua hilo hapotezi usiku mzima akipamba kitu ambacho hakuna atakayekiona. Anapaka, anasonga mbele. Ndiyo maana filamu moja ya Wakaliga ina risasi nyingi kuliko vita vya kweli.

Watu wa ng'ambo walimpenda, kweli. Tangazo la Captain Alex lilipowekwa YouTube mwaka 2010 lilisambaa kama moto wa nyika. Mmarekani Alan Hofmanis alitoka New York akaenda kuishi Wakaliga akawa mwigizaji na mwenzake wa kazi. Bad Black ilipata tuzo ya watazamaji kwenye tamasha la Fantastic Fest huko Austin mwaka 2016. Crazy World ilionyeshwa Toronto mwaka 2019, na mwaka 2022 Wakaliga walialikwa Kassel, Ujerumani, kwenye maonyesho makubwa ya sanaa ya documenta. Lakini sifa nyingi zinakuja na kicheko fulani cha "ni mbaya mpaka ni nzuri". Kicheko hicho sikipendi. Filamu za Kijapani za miaka ya sitini zina ndege ambazo nyaya zake zinaonekana, na hakuna anayesema Tsuburaya alikuwa mchekeshaji. Nabwana anacheka kabla yako, amepanga ucheke, na wakati unacheka ameshapitisha kitu ambacho hakikuwa na bajeti ya kupita. Huo ni ufundi. Mtu akiandika programu inayokimbia kwenye simu ya bei ya chini kabisa tunampigia makofi, basi kwa nini huyu tumcheke?

Kuna sauti moja lazima niitaje, ya VJ Emmie. Kwenye Captain Alex sauti yake iko juu ya filamu mwanzo hadi mwisho, anasifu, anatania, anatahadharisha. Mzungu anaweza kudhani ni nyongeza ya kuchekesha. Sisi tunajua. Kampala wana ma-VJ kama Jingo wanaotafsiri filamu za kigeni kwa Kiganda, Dar es Salaam walikuwa na Lufufu, na sisi tuna DJ Afro. Mimi Kihindi cha Bollywood na Kichina cha Hong Kong nilivielewa kwa mara ya kwanza kwenye kibanda cha Kawangware, benchi la mbao, kwa sauti ya DJ Afro. Na tusijidhani tuko peke yetu: Wajapani nao, enzi za sinema bubu Tsuburaya alipokuwa akianza kazi, walikuwa na watu waitwao benshi, waliosimama kando ya pazia wakisimulia na kuigiza sauti zote. Watu walilipa kumsikia benshi wampendaye.

Hapa ndipo ninapofika kwenye jambo linaloniuma.

Captain Alex isiyo na sauti ya VJ haipo tena. Mashine za Nabwana zilikuwa na nafasi ndogo, umeme wa Wakaliga ulipanda na kushuka ukiua vipuri, na filamu inayofuata ilihitaji diski ile ile. Fanya hesabu mwenyewe. Video ya kamera za kanda za DV za miaka ile inakula takribani GB 13 kwa saa. Ukirekodi saa 10 tu una GB 130, kabla hujaongeza helikopta hata moja. Kompyuta za mitumba nilizokuwa nikizifungua Luthuli Avenue miaka hiyo nyingi zilikuwa na diski ya GB 80. Kwa hiyo unamaliza filamu, unachoma DVD, unafuta, unaanza nyingine. Kilichobaki ni ile DVD, na juu yake sauti ya VJ. Tunaipata YouTube tangu 2015 na tunashukuru. Ila jiwe la msingi limekwenda.

Kwa nini iniume mimi wa Dagoretti? Kwa sababu ya mpwa wangu.

Mtoto wa dada yangu ana miaka 19. Anahariri video za harusi na za wanamuziki wa mtaani kwenye kompyuta ambayo ukiiwasha unaweza kwenda kunywa chai. Anataka viinimacho, ndicho kitu pekee anachokitaka. Dada ana karo aliyoiweka sentimo kwa sentimo kwa ajili ya diploma ya uhasibu, masomo yanaanza Januari. Alinijia Jumapili moja baada ya kanisa, hakukaa hata.

"Wewe ndiye mtu wa kompyuta katika familia hii," akaniambia. "Sema ukweli. Hii ni kazi ama ni mchezo?"

Swali zito hilo, jamani, maana jibu langu lina pesa ya mtu ndani yake. Sikutaka kumdanganya. Nilimweleza Nabwana anavyoishi: waigizaji walizungusha DVD nyumba kwa nyumba, wakigawana mauzo na mwenye filamu, na wezi wa kunakili hawakuchelewa kufika mtaani. Mwaka 2015 aliomba dola 160 kwenye Kickstarter, akachangiwa zaidi ya 13,000, lakini jambo kama hilo huwezi kulipangia karo. Nikamweleza pia upande wa pili: Godzilla Minus One ilishinda Oscar ya viinimacho mwezi Machi 2024, kazi ya watu 35 hivi na vipande 610, mwongozaji Takashi Yamazaki mwenyewe akiongoza viinimacho hivyo. Miaka 70 baada ya lile vazi lililokatwa katikati! Na hapa Nairobi Andrew Kaggia alitoa Wageuzi mwaka 2011, wanasiasa wetu wakigeuka mashine, kisha mchezo wa Nairobi X mwaka 2015, viumbe wa angani wakiuvamia mji huu.

Dada akataka kuiona hiyo Captain Alex. Tukaitazama yote sebuleni. Alicheka, hasa VJ alipokuwa akijigamba. Mwisho akauliza swali moja tu: "Hawa vijana, baada ya hapa walikula?"

Nikamwambia wengi walikuwa na shughuli zao nyingine. Akanyamaza kwa muda.

Mpwa naye alikuwa na kitu cha kutuonyesha. Mnawajua wale korongo wakubwa wenye kipara wanaozunguka karibu na machinjio ya Dagoretti? Alimrekodi mmoja kwa simu, akamkata kwenye picha, akamkuza mpaka akawa mrefu kama ghorofa, akamweka Naivasha Road nyuma ya matatu. Wazo zuri sana. Lakini ndege alionekana kama karatasi, anadonoa kwa haraka mno.

"Anko, nimejaribu kumtia kivuli, bado hana uzito," akasema.

Nikachukua kalamu. Korongo halisi ni mita 1.5 hivi, yeye amemfanya wa mita 30, mara 20. Kipeuo cha pili cha 20 ni 4.5 hivi. Simu yake inarekodi fremu 120 kwa sekunde, ukionyesha kwa 25 unapata mara 4.8. Karibu kabisa! Kesho yake alfajiri akarudi machinjioni kurekodi upya. Jioni akanitumia. Wasomaji, lile dude lilinyanyua mguu juu ya stendi na mimi nikasogea nyuma kwenye kiti. Mama yake akaitazama mara tatu bila kusema neno, kisha akauliza kwa nini matatu haikimbii.

Tsuburaya alijifunza kwa nakala ya King Kong aliyoweza kuifungua fremu kwa fremu. Yamazaki na wenzake wana Godzilla la 1954, wanaweza kurudi kulitazama likiwa zima. Mpwa wangu anapotaka kujua ile helikopta ya Kampala ilikaaje juu ya picha, ilikatwa wapi, anakuta DVD iliyofinywa na mtu anazungumza juu yake. VJ Emmie nampenda, ila kijana anayejifunza alihitaji vyote viwili. Kuna vibanda vingapi vya kuhariri kuanzia Kawangware mpaka Wakaliga ambavyo usiku wa leo vinafuta kazi ili kupata nafasi ya harusi ya Jumamosi? Diski ya terabaiti moja sasa hivi haifikii bei ya siku moja ya kukodi kamera nzuri. Nabwana wa 2010 hakuwa na chaguo hilo. Sisi tunalo.

Dada ameamua kijana asome uhasibu, masomo ya jioni, na mchana awe na korongo wake. Nusu ya karo ililipwa wiki iliyopita. Nusu nyingine anasema ataona mwezi wa tatu, na ananiangalia mimi anaposema hivyo.

Kwangu mimi nimenunua diski mbili. Moja iko kwenye kabati langu, nyingine iko chini ya kitanda cha dada, imefungwa kwenye mfuko wa unga ili panya wasiifikie, na kila Jumapili tunabadilishana. Rekodi zote ghafi za korongo zimo humo, hata zile ambazo ndege alimpa kijana mgongo. Wenye vibanda wanaotaka kujua jinsi ya kupanga nakala zao bila kutumia pesa nyingi waniandikie, nitaweka maelezo wiki ijayo pamoja na kijiprogramu kidogo kinacholinganisha faili za diski mbili.

Haya, stima imerudi, wacha nirudi kwenye kazi ya watu.